Thomas Clark (mwanakemia)

Thomas Clark (Ayr, Uskoti, 31 Machi 1801 – Glasgow, 27 Novemba 1867) alikuwa mwanakemia wa Uskoti anayekumbukwa kwa mambo mawili: kipimo cha ugumu wa maji kwa kutumia sabuni, na njia ya kulainisha maji magumu kwa kutumia chokaa. Jina lake limebaki katika digrii ya Clark, ambayo ni kizio cha ugumu wa maji. Kila anayechagua leo hita ya maji kwa ajili ya nyumba inayotumia maji ya kisima anakutana na tatizo lile alilolishughulikia, hata kama hajawahi kusikia jina lake.

Maisha ya awali

Clark alizaliwa katika mji wa bandari wa Ayr, magharibi mwa Uskoti, akasoma katika shule ya mji huo. Hakuanza kama mtaalamu. Alipokuwa kijana aliajiriwa katika ofisi ya hesabu ya kampuni ya Charles Macintosh, yule aliyepata umaarufu kwa makoti yasiyopenya maji. Baadaye alihamia kiwanda cha kemikali cha St Rollox mjini Glasgow, mali ya Charles Tennant. Kiwanda hicho kilitengeneza unga wa kung'arishia nguo kwa kupitisha gesi ya klorini juu ya chokaa. Huko ndiko Clark alikojifunza kemia kwa vitendo, na chokaa ikawa sehemu ya kazi yake kwa muda mrefu.

Mwaka 1826 alianza kufundisha kemia katika taasisi ya mafundi ya Glasgow, ambako wafanyakazi walisoma baada ya saa za kazi. Aliyechukua nafasi yake hapo alikuwa Thomas Graham, ambaye baadaye alikuja kuwa mmoja wa wanakemia wakubwa wa Uingereza. Katika miaka hiyo Clark aligundua chumvi ya pirofosfati ya sodiamu, akionyesha kwamba fosfati ya kawaida ikichomwa sana hupoteza maji na kugeuka kuwa dutu nyingine kabisa. Ugunduzi huo ulimsaidia Graham katika utafiti wake kuhusu asidi za fosfori.

Clark alisomea pia tiba na kupata shahada ya udaktari katika Chuo Kikuu cha Glasgow mwaka 1831. Mwaka 1833 aliteuliwa kuwa profesa wa kemia katika Chuo cha Marischal mjini Aberdeen, ambacho sasa ni sehemu ya Chuo Kikuu cha Aberdeen.

Hewa ya moto na makaa ya mawe

Kabla ya kugeukia maji, Clark aliandika makala kuhusu namna ya kupunguza matumizi ya makaa ya mawe katika kuyeyusha chuma. James Beaumont Neilson wa Glasgow alikuwa amepata hataza mwaka 1828 kwa wazo lililoonekana dogo: kuipasha joto hewa kabla ya kuipuliza tanuruni. Clark alikusanya hesabu za kiwanda cha Clyde na kuzichapisha. Mwaka 1829, kwa hewa baridi, tani 1 ya chuma ilihitaji takriban tani 8 za makaa. Mwaka 1833, kwa hewa iliyopashwa moto sana, ilihitaji zaidi kidogo ya tani 2 tu.

Makala hiyo haitajwi mara nyingi anapozungumziwa Clark, lakini inaonyesha tabia yake. Alikuwa mtu wa hesabu aliyetaka kujua joto linapotelea wapi, na kila hasara alitaka kuipa tarakimu.

Tatizo la maji magumu

Maji ya mvua ni laini. Yanapopita ardhini hubeba kaboni dioksidi na kuyeyusha mawe ya chokaa, hivyo hujaa bikabonati za kalisi (kalsiamu) na magnesi. Maji ya namna hiyo huitwa maji magumu. Hayana madhara makubwa kwa mnywaji wa kawaida, lakini hayatoi povu kirahisi. Kalisi huungana na sabuni na kufanya utando mweupe unaoelea, na mfuaji hulazimika kumaliza sabuni nyingi kabla ya kuanza kufua.

Hasara ya pili hutokea jikoni. Maji magumu yakichemshwa, bikabonati huvunjika: kaboni dioksidi hutoka na kabonati ya kalisi hubaki kama ukoko mweupe ndani ya birika, sufuria au bomba. Ukoko huo kikemia ni sawa na jiwe la chokaa lenyewe. Ugumu unaoondoka kwa kuchemsha huitwa ugumu wa muda. Ule unaotokana na chumvi kama salfeti ya kalisi hauondoki kwa kuchemsha, na huitwa ugumu wa kudumu.

Kipimo cha sabuni

Hadi wakati wa Clark watu walijua kwamba maji fulani ni magumu, lakini hawakuwa na njia rahisi ya kusema ni magumu kiasi gani. Clark aliugeuza ubaya wa maji magumu kuwa chombo cha kuyapima. Alitayarisha mmumunyo wa sabuni katika spiriti, wenye nguvu inayojulikana. Mmumunyo huo ulitiwa kidogo kidogo katika chupa yenye kiasi maalumu cha maji, na chupa ikatikiswa kila mara. Povu lilipodumu kwa dakika 5 bila kuvunjika, kiasi cha sabuni kilichotumika kilisomwa na kugeuzwa kuwa digrii za ugumu.

Digrii 1 ya Clark ni greni 1 ya kabonati ya kalisi katika galoni 1 ya Kiingereza, yaani takriban miligramu 14.3 kwa lita. Vipimo vingine vilitokea baadaye: digrii ya Kifaransa ni miligramu 10 kwa lita, na ya Kijerumani takriban 17.8. Inafaa kuzijua tofauti hizo, kwa sababu vijitabu vya mashine za kufulia na hita kutoka Ulaya mara nyingi hutaja digrii bila kueleza ni za nchi gani.

Kulainisha maji kwa chokaa

Mwaka 1841 Clark alipata hataza ya njia yake ya kulainisha maji. Kwa asiyejua kemia wazo hilo ni la kushangaza: ili kuondoa chokaa majini, unaongeza chokaa. Chokaa iliyozimwa hunyakua ile kaboni dioksidi inayoyaweka mawe katika hali ya kuyeyuka. Bikabonati hugeuka kuwa kabonati isiyoyeyuka, na chokaa iliyoongezwa hugeuka kuwa kabonati ileile. Zote mbili huzama pamoja, na maji hubaki juu yakiwa laini na maangavu. Hakuna moto unaohitajika. Kinachohitajika ni kipimo sahihi, maana chokaa ikizidi maji huwa makali, na ikipungua kazi haikamiliki. Ndiyo sababu kipimo cha sabuni na njia ya chokaa vilikwenda pamoja.

Clark aliandika kijitabu akizihimiza kampuni za maji za London zitumie njia yake. Maji ya mto Thames yalikuwa na ugumu wa digrii 14 hivi, na wakazi walilipia ugumu huo kwa sabuni na kwa makaa. Mwaka 1851 serikali iliwapa wanakemia watatu kazi ya kuyachunguza maji ya London: Thomas Graham, William Miller na August Wilhelm Hofmann. Waliiona njia ya Clark kuwa inafaa. Hata hivyo kampuni kubwa hazikuitumia, kwani gharama ya matangi na chokaa ingekuwa yao, wakati faida ya sabuni na makaa ingekuwa ya wateja.

Katika miaka ya 1850 njia hiyo ilitumiwa Plumstead, kusini-mashariki mwa London, na baadaye katika miji midogo kama Caterham. Udhaifu wake ulikuwa muda mrefu wa kusubiri mashapo yatulie, na kwamba haikuweza kuondoa ugumu wa kudumu. Baada ya Clark kufariki, vichujio vya kukamua viliharakisha kazi, na kuongeza magadi (kabonati ya sodiamu) kukaondoa pia ugumu wa kudumu.

Miaka ya mwisho

Afya ya Clark ilidhoofika mapema katika miaka ya 1840, akaacha kufundisha darasani akiwa bado katika umri wa kati. Alifariki Glasgow mwaka 1867 akiwa na umri wa miaka 66.

Umuhimu kwa hita za maji za nyumbani

Clark alifikiria sabuni zaidi kuliko hita, maana hita za maji za kujiendesha zilienea baada yake. Lakini hesabu yake inafaa papo hapo. Maji yenye digrii 14 yana takriban gramu 200 za kabonati katika kila lita 1,000. Familia inayopasha lita 100 kwa siku hupitisha gramu 20 kila siku, zaidi ya kilo 7 kwa mwaka. Sehemu tu ya hizo hugeuka ukoko, na sehemu hiyo hukua kadiri joto linavyopanda, hasa likizidi nyuzi 60 za Selsiasi.

Mara nyingi husemwa kwamba ukoko huongeza bili ya umeme moja kwa moja. Kwa hita ya umeme ambayo koili yake imezama majini, hilo si sahihi sana: umeme wote bado unageuka joto na kuingia majini, ingawa polepole zaidi. Hasara iko katika koili yenyewe, ambayo hupata joto kupita kiasi chini ya ganda la chokaa hadi ikaungua, na katika tangi linalojaa mashapo. Kwa hita ya gesi au ya kuni mambo ni tofauti. Ukoko ukizuia joto lisiingie majini, joto hilo hutoka na moshi, na nishati imepotea kweli. Pampu ya joto nayo hulazimika kufanya kazi zaidi kupata maji yaleyale.

Kwa hiyo katika eneo la maji magumu hita inayofaa ni ile inayoweza kufunguliwa na kusafishwa, yenye tangi lililokingwa vizuri ili joto lisitoroke, na inayowekwa karibu nyuzi 60. Kushusha joto la tangi chini sana ya hapo hupunguza ukoko, lakini hukaribisha bakteria. Kwa hita ya jua, aina ambayo maji ya kuoga hayapiti kwenye paneli bali hupashwa na kimiminika kingine kupitia bomba lililojipinda ndani ya tangi, huziepusha njia nyembamba za paneli zisizibe, ingawa bomba hilo la ndani bado huhitaji kusafishwa. Hita ndogo za papo kwa papo za bafuni hazina tangi la kupoteza joto, lakini njia zake nyembamba huziba upesi. Ukoko huyeyuka kwa siki au maji ya ndimu.

Katika Afrika Mashariki ugumu wa maji hubadilika sana kutoka mahali hadi mahali. Unguja na sehemu kubwa ya pwani visima hupita katika mawe ya matumbawe, yale yale ambayo watu wa pwani huyachoma kupata chokaa ya kujengea. Maji ya Ziwa Viktoria, kinyume chake, ni laini. Katika kata ya Nkololo, wilayani Bariadi mkoani Simiyu, na katika vijiji vingine vilivyo mbali na ziwa, ugumu wa maji ya kisima hutegemea mwamba ulio chini yake, na visima viwili vya jirani vinaweza kutofautiana. Anayetaka kununua hita huko anaweza kuanza kama Clark alivyoanza: chupa mbili zenye vifuniko, moja ya maji ya mvua na moja ya maji ya kisima, na sabuni ileile iliyoyeyushwa ikitiwa tone kwa tone katika kila moja hadi povu lisimame. Kisima kikihitaji matone mengi kuliko mvua, maji yake ni magumu, na tofauti ya matone inaonyesha ni kwa kiasi gani.