Mohamed Amin: Mwana wa Eastleigh aliyeianika njaa machoni pa ulimwengu

Nyumba zilipobomolewa Mukuru kwa Njenga mwaka 2021, wakazi walizinasa picha kwa simu zao, na kabla ya jua kutua nchi nzima ilikuwa imeziona. Zamani kazi hiyo ilihitaji mtu aliye tayari kubeba kamera nzito hadi penye hatari, kisha kuhakikisha mkanda wake umefika London. Katika Afrika Mashariki, aliyewashinda wengi ni Mohamed Amin, mzaliwa wa mtaa wa Eastleigh, Eastlands.

Alizaliwa Agosti 29, 1943. Babaye alikuwa mfanyakazi wa reli, na familia ikahamia Dar es Salaam, ambako mvulana huyo alianza kupiga picha kwa kamera kuukuu. Mwaka 1963 alianzisha kampuni ya Camerapix. Haukupita muda akawa anapiga picha za Mapinduzi ya Zanzibar ya 1964. Visiwa hivyo hivyo vilimponza: mwaka 1966 alitiwa gerezani kwa siku 28, kisha akarejea Kenya.

Julai 5, 1969, Tom Mboya alipopigwa risasi katika barabara ambayo leo inaitwa Moi Avenue, Amin alifika upesi na kamera yake. Picha hizo zilimpa sifa Uingereza.

Hata hivyo, jina lake halitengani na Korem, Ethiopia. Oktoba 1984 aliandamana huko na Michael Buerk, mwanahabari wa BBC. Alfajiri, kamera yake ilipita polepole juu ya maelfu ya watu waliodhoofika, wakiwamo watoto waliokuwa wakikata roho. Taarifa hiyo ya takriban dakika saba ilionyeshwa Oktoba 23, ikarudiwa na mamia ya vituo duniani. Bob Geldof aliiona, na Julai 1985 tamasha la Live Aid likafanyika. Walioimba wanakumbukwa hadi leo. Aliyeshika kamera hutajwa kwa nadra, jambo lisilo la haki.

Juni 1991, ghala la silaha lililipuka jijini Addis Ababa. Mkenya John Mathai, aliyekuwa akinasa sauti, aliuawa papo hapo. Amin alipoteza mkono wa kushoto. Wengi walidhani amekwisha kazi, lakini alitiwa mkono wa bandia na kurudi nyuma ya kamera.

Novemba 23, 1996, alipanda ndege ya Ethiopian Airlines akirejea nyumbani. Ilikuwa itue Embakasi, si mbali na Mukuru kwa Njenga. Watekaji watatu waliamuru ielekee Australia, ingawa mafuta hayakutosha. Iliangukia baharini karibu na Ngazidja, Komoro, na watu 125 kati ya 175 wakafa. Walionusurika walisimulia kwamba Amin alikuwa amesimama, akibishana na watekaji. Alikuwa na umri wa miaka 53.