Maisha ya Mangi Meli wa Moshi

Hapa Sombetini twakaa pamoja Waarusha, Wameru, Wachaga na watu wa makabila mengine. Wengi wetu tulilelewa kwa habari za vita walivyopigana babu zetu, na kila ukoo hukumbuka ng'ombe wake walionyang'anywa. Kwa hiyo twaona ni vema kuyatazama maisha ya Mangi Meli.

Meli alikuwa mwana wa Mangi Rindi, aliyeitwa pia Mandara. Baba yake alipofariki mwaka 1891, Meli alishika utawala wa Moshi. Mwaka 1892 Wadachi walimshambulia, naye akawashinda. Mkubwa wao, von Bülow, akafa. Lakini mwezi wa Agosti 1893 Gavana von Scheele alimjia na askari wengi. Meli akashindwa, ikambidi kutii.

Huku kwetu Meru wamisionari wawili, Ovir na Segebrock, waliuawa mwezi wa Oktoba 1896. Kapteni Johannes alilipiza kisasi juu ya Wameru na Waarusha, akisaidiwa na wapiganaji wa Kichaga. Nyumba zikachomwa, mifugo ikachukuliwa. Habari hizo wazee waliwaachia watoto wao, na uchungu wake pamoja nazo.

Hata mwaka 1900 Meli alishtakiwa kwamba amefanya shauri la kuasi. Tarehe 2 Machi alinyongwa huko Old Moshi pamoja na watu wengine 18, Wachaga, Wameru na Waarusha. Hivyo watu wa milima miwili iliyopigana walikufa siku moja, mahali pamoja.

Jamaa zake husimulia kwamba kichwa chake kilikatwa kikapelekwa Ujerumani. Mjukuu wake, ambaye hakumwona babu yake kwa macho, alikitafuta miaka mingi. Mwaka 2023 wataalamu wa Berlin walitangaza kwamba wametambua fuvu la mshauri mmoja wa Meli kwa kulilinganisha na vinasaba vya ukoo wake. Lakini la Meli mwenyewe halikuonekana kati ya yale yaliyopimwa.

Basi, ndugu, tuangalie. Vita huisha, lakini kilio chake hurithiwa na wasiokisikia kikianza. Kuwanyamazisha watoto si dawa, wala kuwapa nusu ya habari. Anayemwambia mwanawe ni nani aliyechukua ng'ombe wetu, na amwambie pia ni nani aliyenyongwa pamoja na wakuu wetu. Ndipo watakaoketi benchi moja kanisani watajua ya kuwa msiba wao ulikuwa mmoja.