Sayyid Ahmed bin Sumeit na Swahibu Wake

Wazee wetu wa Unguja wakimtaja Sayyid Ahmed bin Abubakar bin Sumeit, aghlabu humtaja pamoja na Sheikh Abdalla Bakathir. Walikuwa hirimu moja, na usuhuba wao una funzo kwa vijana wetu.

Sayyid Ahmed alizaliwa Itsandraa, Ngazija, mwaka 1861. Baba yake alitokea Shibam, Hadhramaut, naye alikuwa mwanachuoni na mtu wa bahari. Kijana akazifuata njia zote mbili: akasoma, na akawa nahodha wa jahazi. Kabla hajatimia miaka 25, Sayyid Barghash alimpa ukadhi Unguja.

Kwa kijana wa umri ule, cheo hicho kingetosha kumfanya ajione amefika. Yeye mwaka 1885 alikiacha akasafiri kutafuta elimu. Alikwenda Istanbul, akasoma kwa Sayyid Fadhl bin Alawi, kisha akapita Misri na Makka. Alirejea Unguja mwaka 1888, Sayyid Barghash keshafariki, akashika tena ukadhi.

Sheikh Abdalla alikuwa mzaliwa wa Lamu. Vijana wa rika moja ni tabu mmoja wao kukubali kukaa mbele ya mwenziwe kama mwanafunzi. Ghera huingia, na urafiki ukaharibika. Sheikh Abdalla alikubali. Alimfanya Sayyid Ahmed kuwa shekhe wake, ingawa miaka yao ilikaribiana.

Sayyid Ahmed naye hakutaka mwenziwe abaki nyuma yake maisha. Alimhimiza aende Hadhramaut akasome kwa mashekhe aliosoma kwao yeye mwenyewe. Sheikh Abdalla alifanya safari hiyo mwaka 1897, akaandika kitabu juu yake. Aliporudi alisomesha Ukutani, na chuo chake kikatoa maulamaa. Mmoja alikaa kwenye hukumu, mmoja kwenye darsa, na wanafunzi wakapita kwa wote wawili. Miongoni mwao ni Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui wa Mombasa.

Wote wawili walifariki mwaka 1925. Sayyid Ahmed alimwacha mwanawe, Sayyid Omar, ambaye naye alikuja kuwa kadhi Unguja.

Basi tukiwauliza watoto wetu rafiki zao ni nani, tuwaulize pia rafiki hao wanawasukuma wapi. Mwenyezi Mungu awarehemu masheikh wetu. Amin.