Rashidi Mfaume Kawawa: Kutoka Filamu za Kiswahili hadi Sera ya Lugha

Maisha ya Rashidi Mfaume Kawawa huelezwa zaidi kama sehemu ya historia ya chama na serikali. Hata hivyo, kabla ya kuwa kiongozi, Kawawa alikuwa mwigizaji mkuu katika filamu za awali za Kiswahili zilizotengenezwa Tanganyika, na upande huo haujapewa uzito unaostahili.

Kawawa alizaliwa mwaka 1926 huko Matepwende, Namtumbo, upande wa juu wa mto Ruvuma, ambao humwaga maji yake baharini karibu na Kilambo, Mtwara. Baada ya masomo yake Tabora aliajiriwa na serikali ya kikoloni katika shughuli za maendeleo ya jamii. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 serikali hiyo iliipa kampuni ya African Film Productions ya Afrika Kusini kazi ya kutengeneza filamu kwa ajili ya watazamaji Waafrika. Miongoni mwa hizo ni Muhogomchungu na Chalo Amerudi, ambamo Kawawa aliigiza. Katika Muhogomchungu, mtu wa shamba anafika Dar es Salaam na kulaghaiwa na wajanja wa mjini.

Filamu hizo zilikuwa na mkinzano. Kimaudhui, zilimchora Mwafrika kama mtu wa kuonywa na kuongozwa. Kilugha, zilikiri kwamba umma wa makabila mengi ungeweza kufikiwa kwa Kiswahili. Aliyeigiza mshamba huyo alikuwa Katibu Mkuu wa kwanza wa Shirikisho la Wafanyakazi la Tanganyika mwaka 1955, na Januari 1962 akawa Waziri Mkuu.

Mwaka 1967, akiwa Makamu wa Pili wa Rais, Kawawa alitangaza kwamba Kiswahili kitumike katika shughuli zote za serikali. Mwaka huohuo Bunge lilipitisha sheria ya kuunda Baraza la Kiswahili la Taifa. Haifai kudai kuwa filamu ndizo zilizozaa agizo hilo, kwa kuwa TANU ilikwisha kukifanya Kiswahili lugha ya siasa. Lakini tofauti ni dhahiri: katika filamu, Kiswahili kilimshusha ujumbe wa mtawala kwa mwananchi, katika agizo, mzungumzaji wa Kimakonde kutoka Kilambo alipewa msingi wa kudai ahudumiwe ofisini kwa Kiswahili.

Kawawa alifariki tarehe 31 Desemba 2009. Tathmini ya mchango wake katika lugha haina budi kuanzia kwenye filamu hizo.