Msaka wachawi hakufa kwa shoka
Filamu ya Witchfinder General ya 1968 inamuonyesha Matthew Hopkins, msaka wachawi wa Uingereza, akichoma watu, kisha naye anakatwa shoka. Vincent Price aliyemuigiza alishapita miaka 50. Hopkins wa kweli alikuwa kijana, mwana wa kasisi. Sheria ilikataza mateso, basi akawanyima vikongwe usingizi, wakitembezwa chumbani usiku kucha mpaka wakiri lolote. Kasisi John Lowes, mzee wa miaka kama 80, akanyongwa 1645. Wala Hopkins hakuvamia miji. Majirani ndio waliomwita, tena kwa malipo. Kwetu Kilifi, ambako wazee huuawa kwa tuhuma kama hizo, hilo la majirani halihitaji tafsiri. Alifia Manningtree 1647, kwa kifua kikuu.