Ayub Ogada: Nyatiti Iliyoingia Katika Sinema

Wahenga walinena kwamba mwacha mila ni mtumwa. Leo nawaletea habari za mtu aliyekataa utumwa huo, naye ni marehemu Ayub Ogada.

Ayub alizaliwa mjini Mombasa mwaka wa 1956, akaitwa Job Seda. Wazazi wake walikuwa Wajaluo na pia wanamuziki. Angali mtoto mdogo walimpeleka Marekani, ambako waliwatumbuiza watu kwa nyimbo za kwetu. Kwa hivyo alizoea mapema kuona wageni wakizipenda nyimbo ambazo hawaelewi maneno yake.

Aliporudi Kenya alijitosa katika muziki jijini Nairobi. Mwaka wa 1979 alikuwa mmoja wa waanzilishi wa African Heritage Band, bendi iliyochanganya ala za kiasili na za kisasa. Uigizaji nao aliuweza. Katika sinema ya Out of Africa iliyotoka mwaka wa 1985, yeye ndiye aliyeigiza kama Kanuthia.

Mwaka wa 1986 alifunga safari kwenda Uingereza. Hakubeba gitaa, alibeba nyatiti! Kwa wale ambao hawajaiona, nyatiti ina nyuzi nane. Mpigaji huketi kwenye kigoda kifupi, vidole vikicheza na nyuzi, huku pete ya chuma iliyo kwenye kidole gumba cha mguu ikigonga ubao. Zamani nyuzi zilikuwa kano za ng'ombe. Siku hizi ni nailoni, ile ile ambayo wavuvi wetu huko Usenge huvulia mbuta.

Huko London, Ayub alipiga nyatiti yake katika vituo vya treni za chini ya ardhi ili apate riziki. Hebu fikiria, msomaji! Mtu aliyeonekana katika sinema kubwa sasa anaimbia wapita njia. Mwingine angeona haya, lakini yeye alivumilia, na mvumilivu hula mbivu. Mwaka wa 1988 alialikwa katika tamasha la WOMAD, na mwaka wa 1993 kampuni ya mwanamuziki Peter Gabriel ikatoa albamu yake, En Mana Kuoyo, yaani ni mchanga tu.

Ndani ya albamu hiyo mna wimbo Kothbiro, maana yake mvua inakuja. Mwaka wa 2005 ilitoka sinema The Constant Gardener, inayosimulia mtu anayetafuta ukweli kuhusu kifo cha mkewe hapa Kenya. Ilipigwa Kibera na Loiyangalani. Mtunzi wa muziki wake alikuwa Alberto Iglesias wa Uhispania, lakini sauti ya Ayub pia imo, pamoja na Kothbiro. Watu wasiojua neno hata moja la Kijaluo waliusikia na kuupenda.

Ayub alirudi nyumbani mwaka wa 2007. Aliaga dunia tarehe 1 Februari 2019 huko Nyahera, Kisumu. Mimi nilikuwa bado shule ya msingi na sikujua lolote.

Kwetu hapa Bondo, nyatiti ya babu yangu inaning'inia ukutani ikiwa na nyuzi tano tu. Zamani wageni wakija nilikuwa naificha, maana wenzangu walisema eti ni kitu cha wazee wa matanga. Kumbe kitu nilichokuwa naficha ndicho mwenzetu alikipeleka hadi ulaya bila aibu!

Jumamosi iliyopita nimenunua nailoni sokoni. Babu anasema vidole vyake vinatetemeka na hawezi kupiga tena, ila masikio yake bado mazima, na nikikosea ataniambia. Nimeamua kuanza sasa, kabla masikio hayo nayo hayajachoka. Je, wewe msomaji, kwenu kuna nini ukutani?