Nyaatha wa Gikondi, aliyewauguza wapagazi wa Kilwa

Kuanzia Sagana mpaka Nyeri kuna jina moja ambalo hata mtoto wa shule analijua. Jina hilo ni Nyaatha, na maana yake kwa Kikikuyu ni mwenye huruma. Mwenye jina hilo hakuwa Mkikuyu. Alikuwa mwanamke wa Kitaliano, sista wa Kikatoliki, aliyefariki tarehe 31 Oktoba 1930 akiwa na umri wa miaka 39.

Mimi ni mtu wa pwani, Mwislamu mwana wa Waislamu, na biashara ndiyo iliyonileta Sagana na kunikalisha huku miaka mingi. Jina la Nyaatha nimelisikia sokoni, nimelisikia ndani ya matatu, na nimelisikia hata kwa Waislamu wenzangu wa Majengo, Nyeri. Nikaanza kuuliza na kusoma habari zake. Nilichokipata, ndugu msomaji, kinatuhusu sisi wa pwani kuliko wengi wetu tunavyojua, kwa maana kazi kubwa ya kwanza ya bibi huyu aliifanya Voi, Kilwa Kivinje, Lindi na Dar es Salaam, kabla ya kuifanya kwenye vilima vya Nyeri.

Alizaliwa tarehe 22 Agosti 1891 katika kijiji cha Anfo, kando ya ziwa, upande wa Brescia, kaskazini mwa Italia. Walizaliwa watoto kumi na wawili katika nyumba hiyo, naye nyumbani akiitwa Mercede. Mwaka wa 1911 akaingia katika shirika la Masista wa Consolata mjini Turin, ambalo wakati huo lilikuwa na umri wa mwaka mmoja tu, na huko ndiko alikopewa jina la Sista Irene. Mwishoni mwa Desemba 1914 akapanda meli. Mwezi uliofuata akashuka Mombasa.

Safari ya kutoka Mombasa kwenda Nyeri siku hizo haikuwa safari ya siku moja. Garimoshi lilifika Nairobi, na reli ndogo ilikuwa imefika Thika tu. Kutoka hapo ilikuwa ni miguu, au nyumbu, au mkokoteni wa ng'ombe. Wamisheni wa Consolata walikuwa wameingia nchi ya Wakikuyu mwaka wa 1902, na kule Mathari, Nyeri, walikuwa na makao yao. Sista Irene akaanza kujifunza lugha ya wenyeji. Lakini hakukaa sana, kwa sababu vita vya Wazungu vilikuwa vimekwisha kuingia Afrika Mashariki.

Vita hivyo, ambavyo wazee wetu wakiviita vita vya Mjerumani, vilibebwa kichwani. Barabara hazikuwako, na ng'ombe na farasi walikufa kwa ndorobo. Kila risasi, kila gunia la unga, kila hema la afisa lilihitaji mtu wa kulichukua. Inakadiriwa kwamba Waingereza walitumia wapagazi wapatao milioni moja, na kwamba waliokufa walizidi 90,000. Wengi wao hawakufa kwa risasi. Walikufa kwa kuhara damu, kwa homa, kwa kichomi na kwa uchovu. Watu waliozoea viazi na maharagwe ya milimani walipewa unga wa mahindi, wakaupika kwa haraka na kuni mbichi baada ya kutwa nzima ya mwendo, wakaula haujaiva, nao ukawakata matumbo. Kikosi chao kiliitwa kwa Kiingereza Carrier Corps. Sisi tukasema Kariakoo, na jina likabaki Dar es Salaam mpaka leo, kama lilivyobaki Kariokor ya Nairobi. Ni watu wangapi wanaokwenda kununua kuku na vitambaa Kariakoo wakikumbuka kwamba jina la soko lile ni la watu waliokufa?

Hospitali za wapagazi hao zilikuwa ni mabanda. Mgonjwa mzungu alikuwa na mahali pake, askari wa Keya alikuwa na mahali pake, na mpagazi alikuja mwisho. Masista wa Consolata walipelekwa kusaidia, na Sista Irene akawa miongoni mwao. Alianzia Voi. Baadaye, Waingereza walipokwisha kuiteka pwani ya kusini mwaka wa 1916, akapelekwa Kilwa Kivinje, kisha Lindi, na mwisho Dar es Salaam. Alirudi bara mwanzoni mwa mwaka wa 1919.

Hapana budi tuelewe uuguzi wa siku zile ulikuwa nini. Kwinini ilikuwako kwa ajili ya malaria, na dawa za kuoshea vidonda zilikuwako. Lakini dawa za kuua vijidudu ndani ya mwili, kama penisilini, zilikuwa bado hazijavumbuliwa. Mtu mwenye kuhara damu aliokolewa na nini? Aliokolewa na mwenzake wa kumsafisha, kumnywesha maji kidogo kidogo, kumlisha uji na kumgeuza asipate vidonda vya mgongo. Kwa hiyo muuguzi mwenyewe ndiye aliyekuwa dawa. Palipokuwa na wagonjwa mamia kwa mamia na wauguzi wachache, watu walikufa ambao wangeweza kupona.

Kilwa Kivinje sote tunaijua habari yake. Ni bandari iliyopokea misafara ya pembe na ya watumwa kutoka bara. Safari hii misafara ilikwenda kinyume: waliletwa kwa meli wakiwa wazima, wakapandishwa bara na mizigo, wakarudishwa pwani wakiwa mifupa. Walikuwamo Wakikuyu, Wakamba, Wajaluo, Wanyamwezi na watu wa makabila mengi mengine, na lugha iliyowaunganisha ni Kiswahili. Husimuliwa kwamba siku moja huko Kilwa Sista Irene alimkosa mgonjwa wake mmoja kitandani, akaambiwa amekwisha kufa na kuchukuliwa ufukweni pamoja na maiti wengine. Akaenda ufukweni. Akawatafuta mmoja mmoja miongoni mwa maiti wale mpaka akamkuta, naye bado anapumua.

Sitaficha jambo ambalo msomaji Mwislamu atataka kulijua. Sista huyu alikuwa mmisheni, na alipoona mgonjwa anakata roho alimbatiza kama alikubali. Wenzake walihesabu waliobatizwa naye kuwa maelfu. Mtu aliye taabani, mbali na jamaa zake, akubali nini na akatae nini? Swali hilo ni la haki, na mimi silipuuzi. Lakini nasema vilevile kwamba katika mabanda yale aliyekuwa akiwaosha wapagazi ni yeye, na serikali iliyowachukua makwao kwa nguvu haikuwawekea watu wa kutosha wa kuwaosha. Na uuguzi kwetu si jambo geni. Rufaida al-Aslamia alikuwa na hema lake la majeruhi katika msikiti wa Madina zama za Mtume (S.A.W.), na humo ndimo alimouguzwa Saad bin Muadh baada ya vita vya Khandaki. Kazi ile tunaijua thamani yake, afanyaye awe nani.

Mwaka wa 1920 Sista Irene alipelekwa Gikondi, katika Mukurweini, ng'ambo ya pili ya Mto Sagana. Alikaa huko miaka kumi, na humo ndimo lilimozaliwa jina la Nyaatha. Asubuhi alifundisha shule. Baada ya masomo alivaa viatu vyake vikubwa, ambavyo wazee bado wanavisimulia, akashika njia ya vilima. Mtu asiyeijua nchi ile asidhani vilima ni vya kupanda na kumaliza. Ni mgongo baada ya mgongo, na katikati ya kila migongo miwili kuna mto, na mvua ikinyesha udongo mwekundu unateleza kama sabuni. Hospitali ziliko, mathalani ile ya wamisheni wa Scotland kule Tumutumu karibu na Karatina, zilikuwa mbali kwa mtu asiyeweza kusimama. Basi yeye hakumngoja mgonjwa aje. Alimfuata nyumbani. Aliwazalisha wanawake, aliwafunga watu vidonda, na alikwenda vichakani, ambako ilikuwa desturi ya zamani kumtoa mtu aliye mahututi ili asifie ndani ya nyumba.

Na kuna kazi yake nyingine ambayo mimi nimeipenda zaidi, ingawa si ya dawa. Vijana wa Gikondi walikuwa wameanza kwenda Nairobi na Mombasa kutafuta kazi, na wazee wao hawakujua kusoma. Nyaatha akawa mwandishi wao. Aliandika barua za akina mama kwa watoto wao, akawasomea majibu, akawafuata kwa barua wanafunzi wake wa zamani huko mijini. Bila shaka baadhi ya barua hizo zilifunguliwa Mombasa, katika vyumba vya makuli wa Kilindini.

Mwezi wa Oktoba 1930 tauni iliingia Gikondi. Maradhi haya huletwa na viroboto wa panya, na yakishika mapafu humpata hata anayemuuguza mgonjwa kwa pumzi tu. Mwalimu mmoja wa shule akaugua. Husimuliwa kwamba mwalimu huyo alikuwa na chuki na sista juu ya mambo ya kazi. Nyaatha akamwuguza nyumbani kwake, na siku chache baadaye akaugua yeye, naye hakupona. Alizikwa Mathari, Nyeri.

Sisi Waislamu tunayo mafundisho juu ya tauni tangu zama za Mtume (S.A.W.): aliye nje ya mji asiingie, na aliye ndani asitoke kuikimbia. Abu Ubaida bin Jarrah alikuwa ndani ya jeshi lake huko Sham, mwaka wa 18 wa Hijra, na tauni ya Amwas ikamkuta humo, akafa pamoja na watu wake. Nyaatha alikuwa ndani. Wakati huo dawa ya kuiponya haikuwako. Streptomaisini ilipatikana mwaka wa 1943, na leo mgonjwa wa tauni akiwahiwa mapema hupona kwa dawa ambazo bei yake si kubwa. Neno zito hapo ni kuwahiwa.

Tarehe 23 Mei 2015 Kanisa Katoliki lilimtangaza kuwa mwenye heri, katika ibada iliyofanyika Nyeri mbele ya umati mkubwa sana, na aliyeiongoza ni Kadinali Polycarp Pengo, aliyekuwa askofu mkuu wa Dar es Salaam. Hayo ni mambo ya kanisa, nami nayaacha hapo. Mimi nataka nitazame njia zile alizozipita kwa miguu.

Zimebadilika sana, na asiyekiri ni mkaidi. Mwaka wa 2008 na 2009 uchunguzi wa taifa ulionyesha kwamba katika kila wazazi 100 wa Kenya, 43 ndio waliojifungulia hospitalini au dispensari. Mwaka wa 2014 walikuwa 61. Mwaka wa 2022 walifika 82, na katika kaunti kama Nyeri ni karibu wote. Desemba 2018 Nyeri ilikuwa moja ya kaunti nne zilizochaguliwa kwa majaribio ya matibabu kwa wote, pamoja na Kisumu, Machakos na Isiolo. Sababu ya kuchaguliwa kwake ni maradhi ambayo Nyaatha hakuyakuta kwa wingi: sukari na shinikizo la damu.

Lakini dawa za maradhi hayo ni za kila siku mpaka mwisho wa maisha, na hapo ndipo mambo yanapokwama. Nimewahi kukaa kwenye benchi la kituo kimoja cha afya huku, ambacho sitakitaja, tangu saa mbili asubuhi mpaka saa saba. Kando yangu alikuwa bibi mmoja aliyekuja kuchukua vidonge vya presha. Alipimwa vizuri, akaandikiwa vizuri, kisha akaambiwa dawa hazipo, akanunue dukani. Akakunja karatasi yake akaitia kwenye kitambaa alichofungia nauli. Nauli ikitoka hapo, dawa zingetoka wapi? Tangu Oktoba 2024 bima ya zamani ya NHIF imeondolewa na mahali pake ni SHA, na watu wa Sagana, kama watu wa Likoni na Malindi, wanajifunza upya ni kipi kinacholipwa na kipi hakilipwi.

Septemba 2023 serikali iliwatoa wahudumu wa afya wa jamii 100,000, kila mmoja na mkoba wenye kipimo cha presha na cha sukari, wapite nyumba kwa nyumba. Posho yao ni shilingi 5,000 kwa mwezi, nusu ya serikali kuu na nusu ya kaunti, na mahali pengine imechelewa kufika. Hapa Sagana huwaona wakipita, aghalabu ni akina mama wa makamo, na wakati wa mvua wamevaa mabuti.

Nyuma ya duka langu unapita mto wenyewe, Sagana. Chini huko maji hayo hayo huitwa Tana. Hupita Garissa, Hola na Garsen, yakaingia baharini karibu na Kipini. Huku juu karibu kila mzazi anajifungulia mikononi mwa mkunga. Huko chini, kaunti ya Tana River ni miongoni mwa zilizobaki nyuma kabisa katika jambo hilo hilo. Mafuriko yanapokuja, kama yalivyokuja mwisho wa mwaka wa 2023 na tena Aprili 2024, barabara hukatika, na mwenye uchungu hutiwa kwenye mtumbwi kutafuta dispensari iliyobaki juu ya maji.